Mchele kwa Wimbo

Tajiri yule wa Rugenge, mtaa wa Uvira, alipenda ngoma kuliko duka lake. Mwaka wa uhuru alifunga milango, akawanunulia vijana wa Kasenga magitaa, kisha akacheza barabarani siku tatu, mpaka mkewe akamfuata kumkumbusha kula. Watu walisema atafilisika. Uasi ulipofika bondeni kwetu na sisi wa Sange tukakimbilia Uvira, kando ya ziwa, ghala lake lilikuwa bado limejaa mchele.

Mume wangu alikuwa kibaruani mbali. Nilifika ghalani kwake na mtoto mgongoni, hajala kitu tangu jana yake, na baba mkwe wangu akitangulia hatua kumi mbele kama ilivyo desturi.

Tajiri alikaa mlangoni na daftari na kopo la kupimia. Kila familia ilimwimbia wimbo wa kwao, akauandika, ndipo akapima. Nilipandwa na hasira. Wenye njaa waimbishwe kama kasuku? Nikamwambia kama ni sadaka atoe, kama siyo aache. Hakukasirika.

"Mama, minye siko natoa sadaka. Niko nauzisha. Weye lipa na wimbo, urudi na heshima yako."

Hasira ikaniisha, aibu ikabaki. Kwetu mwanamke hamtazami baba mkwe usoni wala hali mbele yake, sembuse kumwimbia. Tena kichwa changu, kwa njaa ile, kiligoma kutoa wimbo wowote ila ule wa kutwangia muhogo, ambao tunauimba wanaume wakiwa mbali. Unamcheka mzee anayepitia kwa mwanawe kila akisikia harufu ya samaki. Baba mkwe alikuwa mzee wa namna hiyo hasa. Naye alipoombwa wimbo alisema hajui hata mmoja, akaenda kusimama nyuma ya ghala.

Mtoto akalia. Nikaugeukia ukuta, nikaanza kwa sauti ya chini: mzee anakuja, chungu kimemwita. Lakini wimbo ule una kiitikio, mtu mmoja hauwezi. Nilipofika hapo nikanyamaza, sikuwa na wenzangu. Tajiri alingoja, kalamu juu.

Ndipo sauti nzito ikaitikia kutoka nyuma ya ghala, bila kukosea neno:

"Mukwe, ongeza ugali, nimefika."

Kumbe miaka yote alikuwa akitusikia! Nilicheka mpaka machozi yakanitoka. Tajiri aliacha daftari akaanza kucheza, kopo mkononi, mchele ukimwagika. Tuliimba, mimi upande huu, mzee upande ule, wala hatukuonana.

Jioni nilipika, nikampelekea sahani yake pembeni, nikaondoka kama desturi. Aliniita. Tangu niolewe, maneno yake yote yalikuwa yakinifikia kwa kinywa cha mume wangu. Siku hiyo alisema mwenyewe, akitazama ziwa:

"Mwanangu, kuko kipande kimoja uliruka."