Namba ya Mchubuko

Fundi viatu wa kona ya stendi alikuwa na msemo mmoja, na watu walimtania nao mpaka ukawa jina lake. Kila akipigilia msumari alisema, "Wangu hauchomozi." Basi wakamwita Hauchomozi. Wapita njia walimwamkia shikamoo Hauchomozi, naye aliitikia marahaba bila kununa, maana jina lilikuwa la kweli. Kiatu hakikutoka mikononi mwake kabla hajaingiza vidole ndani na kupapasa soli yote, kisigino mpaka ncha. Miaka thelathini na nane, hakuna mteja aliyerudi anachechemea.

Ila viatu vya mkewe hakuvipapasa. Mfinyanzi hulia gaeni. Cha mteja kina mwenyewe amesimama anasubiri. Cha mke kitangoja kesho, na kesho kutwa. Siku alipovishika hatimaye, alivishika amechoka. Akagonga misumari mitatu kwenye kisigino cha kushoto, akavisukuma uvunguni mwa kitanda, basi.

Asubuhi mkewe alivivaa kwenda bombani. Alirudi na ndoo kichwani na kiatu kimoja mkononi. Kisigino cha mguu wake kilikuwa na tundu dogo kama la sindano, na pembeni ngozi imechunika, kwa jinsi alivyokivuta kiatu kwa pupa. Alikuwa anacheka. Akasema leo Hauchomozi kachomoza, ngoja stendi wasikie.

Mumewe hakucheka. Alichukua koleo, akaung'oa ule msumari, akautumbukiza chooni. Akamwambia mkewe jambo hilo lisivuke kizingiti.

Kesho yake binti yao, anayekaa mtaa wa pili, alipita akamwona mama anatembelea vidole. Hakuambiwa kitu. Akasema tu mtu mwenye umri huo hakai na kidonda nyumbani, mumpeleke hospitali, na mama akapelekwa.

Foleni ilikuwa ndefu. Tabibu aliutazama mguu mara moja, akaandika kidonda kidogo, unyayo, akamwita mwingine. Hapo hospitali karatasi hupita kwa karani kabla ya kufika chumba cha vidonda. Kazi ya karani huyo ni kuupa kila ugonjwa namba yake. Ngozi ya mguu iliyochubuka juu juu ni tisini. Iliyotoboka ni tisini na moja. Kisha kuna namba nyingine ya kitu kilichoumiza. Nesi wa vidonda huzisoma zote. Akikuta tisini, anaosha, anapaka dawa, anafunga. Akikuta tisini na moja, na chanzo ni msumari, anaanza na sindano ya pepopunda.

Hayo ya sindano fundi aliyajua baadaye. Siku ile alichojua ni kwamba benchi limejaa watu, na watatu kati yao wamevaa viatu alivyoshona yeye.

Karani, mama wa makamo mwenye miwani, hakuridhika na maneno ya tabibu. Alitoka dirishani kwake, akaja mpaka kwenye benchi, akainama.

"Mama, umechomwa na kitu, au umechubuka?"

Mke alifungua mdomo. Mume akamwahi.

"Kiatu kimemchubua. Kipya."

Karani akamgeukia mwenye mguu. Yule mama alimtazama mumewe, kisha akatazama sakafu.

"Kiatu tu, mwanangu," akasema.

Ikaandikwa tisini. Akaoshwa, akapakwa dawa, akafungwa, wakarudi nyumbani. Njiani mkewe alimwambia, bila ubaya, kwamba uongo wake hauna hata kisigino.

Siku ya tisa taya likakaza. Siku ya kumi na tatu wakamzika.

Watu waliokuja msibani walimsifu mzee kwa kujikaza. Hakujikaza. Alikuwa anaogopa kwamba akifungua mdomo kulia, lingetoka lile neno la msumari. Stendi hakurudi. Wateja waliulizana viatu vyao viko wapi, wakaambiwa mwacheni, mke ni mke.

Binti hakukaa kimya kama babake. Alikwenda hospitali, akaomba faili la mama, akaiona ile tisini, akauliza maana yake mpaka akaambiwa. Akaja nyumbani. Mchubuko, alisema. Walimwandikia mama yangu mchubuko. Tangu lini mchubuko ukaua mtu? Akapeleka malalamiko. Karani akasimamishwa kazi, likapangwa shauri, na babake akaitwa shahidi.

Mzee akasingizia magoti. Akasingizia homa. Binti akamwambia asihangaike, maneno atasema yeye. Baba ataeleza tu alichokiona.

Siku ikafika. Chumba kilikuwa kidogo, meza moja, viti vinne, na feni isiyozunguka. Daktari mkuu alikaa nyuma ya faili. Karani alikaa karibu na mlango, mkoba magotini, kama mtu aliyekwisha kuagwa. Alisema hakukisia namba. Alitoka, akauliza.

"Ulimuuliza nani, ukuta?" binti akasema.

"Nilimuuliza mgonjwa," karani akajibu. "Na mzee alikuwepo."

Hakumnyooshea kidole. Alisema hivyo tu.

Daktari akamgeukia mzee. Akamuuliza kwa upole kama anakumbuka kuulizwa.

Neno la kumwokoa lilikuwa tayari ulimini. Sikumbuki. Mzee wa miaka sabini na mbili akisema amesahau, nani atambishia? Angelisema, angeongozwa nje kwa pole nyingi, na karani angeishika njia ya kwao moja kwa moja. Alimtazama yule mama. Akaona anautazama mkoba wake, hasubiri chochote kutoka kwake.

"Aliuliza," akasema. "Nikamdanganya."

Binti akaweka mkono begani pake. Akadhani ni uzee.

"Baba, tulia kwanza."

"Ulikuwa msumari. Wangu. Mama yako alitaka kusema, nikamwahi."

Mkono ukaondoka begani.

"Msumari gani?"

Akaeleza, macho mezani. Kisigino cha kushoto, misumari mitatu, kiatu ambacho hakukipapasa. Choo. Benchi.

"Watu walikuwa wengi," akasema. "Niliona aibu."

"Aibu," binti akasema.

Daktari akafunga faili. Kisha akamwambia karani arudi dirishani kwake kesho, ila kwanza faili lirekebishwe, na kwa utaratibu maswali yaulizwe upya. Karani akafungua mkoba, akatoa kalamu. Akauliza kitu gani kilichoumiza. Wapi. Siku gani. Sauti yake ilikuwa ileile ya siku ya benchi, na hilo lilimuumiza mzee kuliko kama angetukanwa. Akajibu moja moja. Nani aliupigilia, hilo hakuulizwa, fomu haina nafasi hiyo. Angeulizwa, angejibu.

Alitaka kumwomba radhi yule mama. Alianza, "Mama, mimi..." Karani akasema, "Ungeniambia siku ile, mzee," akaondoka na faili.

Wakatoka. Binti alitangulia, hatua zake ndefu, mzee nyuma. Tangu msiba alikuwa akimshika mkono kila wakivuka barabara, kwa kuwa macho ya babake si mazuri. Walipofika ukingoni alisimama. Mzee akamfikia, akasimama pembeni yake, mkono ameulegeza.

Magari yakapita. Binti akatazama huku na huku.

"Vuka," akasema, akashuka barabarani peke yake.

Mzee akamfuata.