Wali wa Sauti ya Mama

Mnisamehe kwa mwandiko mbaya na makosa ya herufi. Niliishia darasa la saba, na naandika polepole.

Huku Kariakoo mama ntilie hawawashi moto. Huinamia sufuria wakaiimbia, na maji huchemka kwa sauti yao. Mama yangu aliivisha wali kwa mguno mmoja mzito. Kisha wauza viatu wa jirani wakaleta spika. Mama akawa anapaza sauti kuishinda, mpaka sauti ikamkauka kabisa.

Nikashika sufuria mimi, ninayeona haya hata kusalimia. Wateja walinitazama, nikaguna chinichini huku nimegeuza uso pembeni. Wali ukaiva upande mmoja, upande wa pili ukabaki mchele.

"Dada, huu umeuimbia au umeunong'oneza?" aliuliza mbeba mizigo mmoja. Wenzake wakacheka, wakahamia kwingine.

Mguno hufundishwa kwa mkono. Mama aliuchukua mkono wangu, akauweka kooni mwake, akajaribu kuguna ili nijifunze. Sikuhisi kitu. Akaendelea kuushikilia.

Sasa anakunywa tangawizi na kunyamaza. Kama kwenu yupo aliyepotewa na sauti ikamrudia, tafadhali niandikieni alifanyaje.