Jaji Mlangoni kwa Mama

Nimechapa kwenye kompyuta vitabu vitatu vya jaji mmoja mstaafu wa mtaa wa Nguba, vyote juu ya sheria na marekebisho ya katiba, na sitasema uongo: viliniumiza mgongo. Mzee alipenda sentensi ndefu. Ukianza moja, chai inapoa kabla hujafika kwenye nukta.

Baba yangu alipofariki, baba mdogo alikuja kwetu, mtaa wa Cimpunda, akampa mama wiki moja ahame, eti nyumba ni ya ukoo. Nilikumbuka sura moja niliyoichapa mara nne: mjane asitolewe nyumbani mwake. Siku ya kikao cha familia nikakibeba kitabu, nikawasomea, nikigeuza Kifaransa kuwa Kiswahili. Nilijiona wakili kabisa.

Baba mdogo alikichukua, akakipekua ukurasa kwa ukurasa.

"Cachet iko wapi?"

Kwetu karatasi isiyo na muhuri ni ya kufungia karanga. Wote wakatikisa vichwa, na mimi na masomo yangu nikarudishiwa kitabu.

Kesho yake nilikwenda kumwomba jaji agonge muhuri.

"Ile cachet nilirudisha siku nilitoka ku kazi," akasema.

Nilimwonea huruma: miaka yote ile ya kuandika, halafu kidude cha wino kinamshinda. Kisha akaniuliza kwetu ni wapi.

Siku ambayo mama alitakiwa kuhama, jaji alipanda mlima wa Cimpunda kwa miguu, asubuhi, kwenye tope, na koti lake na tai. Akaomba kiti, akakiweka katikati ya mlango, akakaa na kufungua kitabu chake. Baba mdogo akafika na kufuli mpya. Lakini kwetu humwambii mzee aliyekaa ainuke. Akasalimu, akazungukazunguka uani, akaondoka. Siku ya pili ilikuwa vilevile. Siku ya tatu uvumilivu ukamwishia baba mdogo.

"Papa Juge, hauna kwako?"

"Niko nako," jaji akajibu bila kufunga kitabu. "Kwangu iko Nguba. Kwa huyu maman iko hapa."

Mama alikuwa amesimama nyuma ya kiti, ameshika sufuria ya maharagwe. Baba mdogo alimtazama usoni, mara ya kwanza tangu mazishi. Kisha akaitia kufuli mfukoni, akateremka mlima.