Navigeta wa Breki

Walimwita Breki kwa kejeli, maana breki za gari lake ndizo pekee ambazo hazikuwahi kuchakaa. Siku za kazi alikuwa fundi wa magari, siku za mbio mwendawazimu. Alikuwa ameanza mashindano sita asimalize hata moja: mara gari mtaroni, mara juu ya kichuguu, mara chali kabisa, matairi yakizunguka hewani. Watazamaji walimpenda mno. Mkewe alimpenda zaidi, ndiyo maana akamwambia kwamba asipomaliza ya saba, gari linauzwa. Breki akaapa, na mnunuzi akatafutwa kabisa.

Asubuhi ya mbio, navigeta wake, yule wa kumsomea kona zilizo mbele kutoka daftarini, akatuma salamu kwamba ana watoto wadogo na bado anawapenda. Bila mtu kwenye kiti kile gari haliruhusiwi kuanza. Breki akaketi juu ya tairi, machozi yakimlengalenga. Mama mkwe, mwalimu mstaafu aliyekuja kuwaletea chai, akavua kilemba na kuomba helmeti. Daftari alilijua. Mwandiko wa navigeta ulikuwa wa kuku aliyeparura, na jana yake yeye ndiye aliyelinakili upya, kona kwa kona, kwa herufi za ubaoni.

Lahaula! Breki asiyeogopa mtu wala mlima, leo kampakia mama wa mkewe! Akimvunja hata ukucha, atarudi nyumbani kwa uso gani? Akaendesha kama mtu aliyebeba trei ya mayai. Kituo cha kwanza walifika wa mwisho, na msimamizi akawaonya kwamba wakichelewa hivyo tena wanatolewa.

"Mama, samahani kwa mitikisiko," Breki alisema.

"Baba, mimi sikuja kutembezwa," akajibu mama mkwe, macho daftarini. "Mbele kulia, pana, haina kitu. Kanyaga."

Akakanyaga. Vumbi likapanda, mbuzi wakatawanyika, chupa ya chai ikarukia kiti cha nyuma. Kushoto, kali, punguza tafadhali, baba. Na Breki, aliyezoea kubishana na kila navigeta mpaka mtaroni, akapunguza, maana nani atabishana na mama mkwe? Wakapaa kilimani, wakatua, na wote wawili wakacheka kama watoto waliotoroka shule.

Walimaliza wa tisa, gari likiwa limesimama kwa matairi yote manne. Mnunuzi akaenda zake. Mama mkwe alikalia kiti kile misimu minane, wakaleta vikombe vitatu vya ushindi, na hadi leo madereva wa kule husomewa kona kwa "tafadhali," wakidhani ndiyo sheria ya mchezo.

Macho ya mama mkwe yalipokataa kusoma, Breki akatangaza kwamba naye amestaafu. Mkewe, aliyeiombea siku hiyo miaka nenda rudi, akamfuata gereji kumuuliza sababu.

"Watu wote waliniambia kanyaga, au waliniambia acha," Breki alisema. "Mama peke yake ndiye aliyeniambia wapi."

Mkewe akazunguka gari, akaingia upande wa pili, akajifunga mkanda.

"Haya, baba watoto," akasema. "Washa."