Ubeti wa Mwisho wa Clem

Pale Morecambe, mji wa pwani ya Uingereza, Clem Hargreaves alikuwa mtu wa kila kazi. Asubuhi alipiga kinanda kanisani, mchana akawachekesha wageni kwenye gati, na kila Krismasi alivaa gauni nililomshonea mimi akaigiza bibi mnene katika maigizo yetu ya kuchekesha. Nyimbo zote alitunga mwenyewe. Wenzake walimtania kwamba mtaka yote hukosa yote, naye akawajibu kuwa chai bado hajaikosa.

Jambo moja tu hakulifanyia mzaha. Kwetu watu wa jukwaani, ubeti wa mwisho wa maigizo hausemwi mazoezini. Husemwa siku ya kwanza, mbele ya watazamaji. Ukiutamka kabla, ni nuksi: umeyafunga maigizo kabla hayajaanza. Kwa hiyo mazoezini, kila akifika mwisho, Clem aliinama na kuimba, "La la la, samaki na chipsi," nasi tukavaa makoti tukaenda zetu nyumbani. Miaka ishirini na mitatu nilimsikia, na kila mara nilicheka.

Mwaka ule wa mwisho alinipa karatasi iliyokunjwa.

"Nitunzie ubeti huu, Edna," alisema. "Siku hizi kichwa changu kinavuja."

Nikauweka kwenye mfuko wa gauni lake. Siku mbili kabla ya kufungua pazia, moyo wake ulisimama akiwa anamimina chai.

Siku ya mazishi Maureen, binti yake, aliniomba niusome ubeti ule kabla jeneza halijatolewa. Alisema ndiyo kazi ya mwisho ya baba yake, na watu wana haki ya kuisikia. Sikuweza kumkatalia mfiwa. Nilisimama mbele ya kanisa lililojaa, nikaikunjua karatasi. Mistari miwili, kwa hati yake mbaya, na ilichekesha kweli. Nikaikunja tena karatasi, nikainama kama alivyokuwa akiinama yeye.

"La la la," nikasema, "samaki na chipsi."

Waigizaji waliokaa nyuma waliangua kicheko, kisha wakalia. Maureen alinifuata mlangoni, uso umemvimba kwa hasira.

"Bi Edna, ulisahau miwani?"

"Miwani ninayo, mwanangu," nikamwambia. "Ila bado tuko mazoezini."