Mkate wa Mayai na Mguu wa Breki

Ukimsikiliza Mwalimu mwenyewe, utaambiwa kwamba amefundisha nusu ya mji kuendesha gari. Ukimuuliza mkewe, atakwambia amefundisha nusu ya mji kusimama. Gari lake la mafunzo lilikuwa na breki mbili, moja ya mwanafunzi na moja ya Mwalimu, na kwa miaka zaidi ya thelathini ile ya mwanafunzi haikuwahi kuchakaa. Mtu akikanyaga mafuta kidogo tu, kuku akachungulia huko mbali kwenye majani, mguu wa Mwalimu ulikuwa umeshashuka, gari limekita, na paji la uso la mwanafunzi limesalimiana na usukani. Hapo Mwalimu atatoa leso, atajifuta jasho, atasema, "Umeona? Bila mimi saa hizi tungekuwa tunazungumza mengine."

Mbele yake watu walimwita Mwalimu. Nyuma ya mgongo wake walimwita Breki. Alijisifu kwamba hajapata ajali hata moja maishani, na ni kweli, ila mkewe alikuwa akisema kwamba hata kabati la nguo halijapata ajali, na hakuna anayelilipa kabati limfundishe gari. Wanafunzi wa Mwalimu walifeli mtihani kwa namna moja tu: walifika kwenye makutano ya barabara wakangoja mguu wa Mwalimu, na Mwalimu wakati huo alikuwa nje ya uzio anakunywa soda. Walirudi kwake kujifunza upya. Yeye alisema vijana wa siku hizi wana vichwa vizito.

Ungekuwa ugonjwa wa kazini tu, angevumilika. Lakini aliubeba mpaka nyumbani. Mezani, mtu akianza kueleza jambo harakaharaka, mguu wa Mwalimu ulikanyaga sakafu, hata zulia likatoboka pale chini ya kiti chake. Redio hakuipita bila kuipunguza sauti. Birika likianza kuimba lazima ashushe moto, ndiyo maana chai ya nyumba ile haijawahi kumuunguza mtu ulimi. Na bintiye, kitindamimba aliyebaki baada ya kaka zake kutawanyika, huyo alikanyagiwa breki mpaka akawa haombi tena kitu. Alipotaka chuo cha uuguzi aliambiwa, "Ngoja kwanza." Alipotaka kufungua saluni na rafiki yake, "Ngoja kwanza, tuone." Alipokuja fundi wa friji kumposa, kijana safi mwenye adabu zake, Mwalimu alisema mambo haya hayataki mbio. Fundi akangoja, akangoja, akaoa kwingine. Sasa binti alikuwa na miaka ishirini na minane, na alizungumza kwa sauti ya chini kama mtu anayeishi nyumba yenye mgonjwa.

Mke wa Mwalimu alikuwa mpiga pasi kwa dobi, mwanamke mwembamba mwenye mikono ya nguvu na ulimi mkali kuliko wembe. "Kwenye gari la mume wangu mimi nilishashuka zamani," aliwaambia wenzake kazini. "Nimebaki kituoni, namwangalia anavyopiga honi." Wenzake walicheka mpaka wakasahau pasi juu ya mashati ya watu. Kila siku alikuja na kisa kipya cha Mwalimu, na kila kisa kilipochekesha alijiona ameshamshinda. Hata nyumbani hakumsengenya, alimsema usoni. Mwalimu alitabasamu tu, kama mtu aliyefunga vioo vya gari huku mvua inanyesha nje.

Basi ikatokea kwamba mwanamke mmoja mwenye nyumba ya wageni alikimbiwa na mpishi wake wa asubuhi. Mashuka ya wageni wake yalifuliwa na kupigwa pasi kwa dobi yule yule, na mke wa Mwalimu hakuiachia nafasi. Alimsifu bintiye mpaka yeye mwenyewe akaona haya. Yule mama akasema atakuja Jumamosi kuonja, tena nyumbani kwao, maana yeye, alisema, mpishi humwajiri akishaliona jiko lake. Kazi ilikuwa na chumba cha kulala hukohuko. Hicho chumba ndicho mke wa Mwalimu alichokitamani kuliko mshahara. Alitaka mwanawe alale mahali ambapo mtu hataambiwa ngoja kwanza, na alijua kwamba hii ikipita hakuna nyingine inayokuja.

Binti alichagua mkate wa mayai, zile slesi zinazochovywa kwenye mayai na maziwa zikakaangwa kwa siagi, na juu yake rojo la matunda. Alikuwa ameshaufanyia mazoezi wakati baba yake yuko kazini. Mama aliuonja akanyamaza, na kwa mwanamke yule kunyamaza ni sifa kubwa.

Jumamosi asubuhi Mwalimu hakuwa na mwanafunzi. Aliingia jikoni amevaa fulana na kanda mbili, akaangalia mkate wa jana uliokatwa slesi nene.

"Huu si umeshaiva kiwandani?" aliuliza. "Mnaupika tena, mara ya kwanza ulikosa nini?"

"Mgeni anakuja, Baba," binti alijibu.

"Na maembe nayo mnayapika! Embe limefanya kosa gani?"

"Kosa lake ni kuingia nyumba hii," alisema mkewe kutoka kwenye kigoda chake karibu na mlango. Alicheka mwenyewe, akalihifadhi neno hilo la kuwapelekea wenzake Jumatatu.

Binti hakucheka. Alikuwa ameshachemsha maembe na nanasi kwa sukari na maji ya limau mpaka yakashikana, akamiminia pasheni mwishoni ili isipoteze ule ukali wake. Harufu ilikuwa imejaa nyumba nzima. Sasa alivunja mayai, akayakoroga na maziwa, mdalasini na chumvi kidogo sana, akachovya slesi ya kwanza huku na huku, akaiweka kwenye kikaango. Siagi ikachachatika vizuri, sauti ileile aliyokuwa anaitaka.

Mwalimu akasogea. Alisimama ubavuni mwa binti, upande uleule anaokaa garini. Binti alipogeuka kuchukua slesi ya pili, mkono wa Mwalimu ulienda kwenye jiko la gesi, ukazungusha swichi na kuushusha moto. Kikaango kikanyamaza.

Binti akaupandisha. Akageuka kuchukua sahani. Mwalimu akaushusha.

"Mwalimu," mkewe alimwambia, "mkate haugongi mtu."

"Moto ni moto," alijibu Mwalimu. "Utaunguza siagi, utaunguza nyumba."

"Nyumba gani? Hii iliyopoa tangu tuhamie?"

Lilikuwa neno zuri, na mkewe aliona raha kulisema. Binti aliupandisha moto tena bila kumtazama yeyote kati yao. Alipoinama kutafuta mwiko, moto ukashuka tena. Mpiga pasi yeyote anajua kwamba pasi ya vuguvugu hainyooshi nguo, inaiacha na unyevu tu. Mke wa Mwalimu aliziona zile slesi zinavyonywa siagi bila kubadilika rangi, akajua kabisa kinachotokea. Alitafuta neno jingine la kumchoma nalo Mwalimu, na kabla hajalipata mgeni akapiga hodi.

Alikuwa mama mnene mwenye haraka, amevaa miwani na amebeba funguo za gari. "Shikamoo, Mwalimu," alisema.

"Marahaba." Mwalimu alimkazia macho, kisha uso ukamchanua. "Ngoja, ngoja. Wewe si ndiye uliyegonga pipa la taka pale nyuma ya soko?"

"Nilikuwa narudi nyuma vizuri, Mwalimu. Ukakanyaga breki, nikachanganyikiwa."

"Leseni ulipata?"

"Nilipata," alisema mgeni, akivuta kiti. "Kwa mwalimu mwingine."

Mke wa Mwalimu nusura apige vigelegele. Hata hivyo furaha ile haikufika mbali, kwa sababu sahani ilikuwa imeshawekwa mezani. Rojo la matunda lilikuwa zuri la kutamanisha, la njano inayong'aa, na mbegu za pasheni zimetapakaa juu yake. Chini yake slesi mbili zilikuwa zimelala hoi, nyeupe, zinavuja siagi pembeni. Mgeni alikata kipande. Katikati yai lilikuwa bado bichi, likatoka polepole likajichanganya na maembe.

Mgeni alikula rojo. Mkate aliusogeza kando ya sahani kwa uma, kwa adabu, kama mtu anayempisha mlevi njiani.

"Rojo lako ni zuri sana, mwanangu," alisema. "Sana. Ila wageni wangu wengine wana wagonjwa hospitali, wanaondoka mapema. Siwezi kuwapa mkate mbichi." Akachukua funguo zake. "Nitakupigia simu."

Kila mtu aliyewahi kutafuta kazi anajua simu hiyo huwa haipigwi. Mwalimu naye alijua. Aliegemea kiti, mguu wake umetulia kabisa juu ya zulia lililotoboka, akasema kwa upole, "Mimi nilisema mapema. Mkate ulishaiva kiwandani. Haya mambo ni kwenda taratibu, mwakani tutaona."

Mke wa Mwalimu alikuwa na jibu tayari kwenye ncha ya ulimi. Lingemchoma Mwalimu mpaka kwenye mfupa. Lakini kabla hajalitoa alimwona bintiye. Binti alikuwa ameshaanza kukusanya vyombo. Hakuwa na machozi wala hasira. Alikuwa na uso wa mtu aliyejua tangu usiku kwamba itakuwa hivi, na akapika hivyohivyo, kwa kutimiza wajibu. Mama akapandwa na ghadhabu, na kwa mara ya kwanza ghadhabu yake haikutaka kuchekesha.

"Kaa, dada," alimwambia mgeni. "Nipe muda wa kunywa kikombe kimoja cha chai. Kimoja tu."

Mgeni alitazama saa, akatazama lile rojo, akakaa.

Mama akamsukuma bintiye jikoni. Mwalimu, bila shaka, akawafuata. Alikuwa ameshaingiza kanda mbili moja ndani na anasema, "Safari hii mimi nitawaelekeza, tuanze na moto mdogo," mkewe alipomshika kiwiko. Ile mikono haikupiga pasi miaka yote hiyo bure. Alimgeuza, akamtoa, akaurudisha mlango na kuzungusha ufunguo. Ufunguo ulikuwa na kutu, ukalia, lakini ulizunguka.

"Mama watoto!" Mwalimu aligonga. "Mama watoto, huo moto!"

"Pika," mama alimwambia bintiye, akauegemeza mgongo wake kwenye mlango.

Binti alisimama kidogo akiwa haamini. Kisha akafuta kikaango, akawasha moto, akautazama ukipanda na hakuna mkono uliokuja kuushusha. Siagi ikatoa povu. Slesi zikaingia na kuchachatika, zikaendelea kuchachatika, na yeye akasimama juu yake akinusa, ameinamisha kichwa kama anasikiliza mtu. Alizigeuza. Zilikuwa za rangi ya asali, na kingo zake zimekauka. Mlangoni Mwalimu alikuwa anaeleza habari za nyumba iliyoungua mtaa wa tatu. Mama alilihisi kila pigo la ngumi ya mumewe kwenye mabega yake, na hakusogea.

Palikuwa na kidirisha cha kupitishia sahani kati ya jiko na sebule. Binti aliipitisha sahani hapo, rojo likifuka mvuke. Walisikia kisu kikikata, na safari hii kilitoa sauti ya kukwaruza. Kisha wakamsikia mgeni akitafuna.

"Mwanangu," sauti ya mgeni ilikuja kupitia kidirishani, mdomo bado umejaa, "Jumatatu uje na begi lako."

Mama alifumba macho. Alitaka kucheka kwa sauti, alitaka kumkumbatia mwanawe, na tayari alikuwa anafikiria jinsi atakavyolisimulia hili kwa dobi: Mwalimu nje na kanda mbili moja, nyingine imebaki jikoni. Alipofumbua macho binti hakuwa anaruka wala kushangilia. Alikuwa amezima moto, anautazama ule ufunguo wenye kutu.

"Mama," aliuliza, "kumbe mlango huu unafungika?"

"Unafungika."

"Tangu lini?"

Mama alifungua mdomo. Yeye aliyekuwa na neno la kila kitu alitafuta moja la kuchekesha, akalikosa. Aliona aibu, aibu ya kweli.

"Tangu tuhamie," alisema. "Wewe ulikuwa hujazaliwa bado."

Binti alitikisa kichwa taratibu. Kisha akaokota kanda mbili ya baba yake, akamwomba mama yake asogee, akafungua mlango.