Mbegu za Muhumbahumba

Pikipiki ilimshusha Perpétue nyuma ya kilima cha Mbuya, mahali asipopajua, akaulizia bustani ya miche ya Mzee Kamis. Mbegu zake zilikuwa humo kwa miezi mitatu, zimeletwa na Rukiah, jirani yake wa kibanda kule sokoni Owino.

"Kumbe ndiwe?" Mzee Kamis alisema, akiutazama wembamba wake. "Mpwa wangu Rukiah alinisifia mama mkubwa. Nikatafuta benchi, kumbe kigoda kinatosha."

Perpétue hakucheka. Lori la kambi ya wakimbizi ya Nakivale lingeondoka mchana, na jina lake lilikuwa kwenye orodha. Alitaka mche mmoja tu wa kwenda nao.

Muhumbahumba ni mti wa msitu wa milimani, kwenye ukungu na baridi. Gome lake linanukia lozi, nalo ni dawa ya wazee wanaokojoa kwa taabu. Wa kwao ulisimama ubavuni mwa mlima Kahuzi, na marehemu mumewe, Bisimwa, aliuchuna kwa adabu: ukanda huku, ukanda kule, kisha miaka ya kuuacha upone. Vita vilipofika wakakosa nauli ya kukimbia. Wakauvua gome lote, mzunguko mzima, kwa mikono yao, wakaliuza. Mti uliochunwa hivyo hukauka umesimama. Kabla ya kuondoka, Perpétue aliokota matunda yake, akaosha mbegu.

"Hazijaota, papa?" Perpétue aliuliza.

Mzee Kamis alifukua moja, akaipasua kwa ukucha. Ndani nyeusi.

"Ulizihifadhi vipi?"

"Vizuri sana! Juu ya moshi wa jiko, miaka miwili, kama mama alivyotunza maharage ya kupanda. Hakuna mdudu aliyegusa."

"Mdudu angegusa nini, mama? Hii si haragwe. Mbegu ya msituni hupandwa mbichi, ndege akishaitema tu. Ikikauka, imekufa."

"Fukua ile ya pembeni."

Nyeusi.

"Na ile."

Mzee Kamis alizifukua zote, kwa kuwa hakuthubutu kumkatalia. Kisha akamnyooshea mche wa parachichi.

"Nakivale kuna jua. Huu utakubali."

"Asante, papa. Huo mpe mwingine."

Perpétue alimpa mkono, akapanda pikipiki iliyokuwa ikimngoja. Vumbi lilipotulia, Mzee Kamis alichutama, akaanza kuchanganya samadi kwenye udongo ule ule. Kesho angepanda mikalatusi.